Barabara Ambazo Copenhagen Haikuzijenga

Kundi letu lilianzia Rådhuspladsen, uwanja mpana ulio mbele ya jumba la manispaa, jengo la matofali mekundu lililokamilika mwaka 1905. Kabla hatujaondoka kiongozi alitupa masharti ya kukaa vizuri na wenyeji. Kaa kulia, mwenye haraka akupite kushoto. Ukitaka kusimama, inua mkono kabla ya kushika breki, maana nyuma yako kuna msururu wa watu. Ukitaka kukata kushoto kwenye makutano, usijitie katikati ya magari: vuka kwanza hadi ng'ambo, simama pembeni, geuza baiskeli, ngoja taa ya upande huo, ndipo uende. Asiyefuata haya hukemewa kwa kengele, na Mdenmark ambaye hawezi kumsemesha mgeni ndani ya basi hana haya hata kidogo ya kumpigia kengele barabarani. Hapo hapo uwanjani, pedali hazijazunguka bado, tulipewa pia maelezo ambayo kila mgeni wa Copenhagen hupewa: nchi ni tambarare, watu wana nidhamu, wanajali mazingira, na baiskeli imo katika damu yao. Nimeuzunguka mji nikiyapima maelezo hayo kituo kwa kituo, na naona hayatoshi. Copenhagen tunayokwenda kuistaajabia haikuzaliwa na tabia za watu wala umbo la ardhi. Kwa sehemu kubwa imetokana na barabara zilizochorwa kwa makini, zikaungwa mkono na wakubwa wa mji, halafu zisijengwe. Na baada ya hapo, na ugomvi wa miaka mingi juu ya nafasi iliyosalia.

Strøget ndiyo sehemu ambayo mwenye baiskeli hushuka akaisukuma, kwani ni ya waenda kwa miguu. Ni mtaa wa maduka wenye urefu wa zaidi kidogo ya kilomita moja, unaotoka Rådhuspladsen hadi uwanja wa Kongens Nytorv, na leo ni vigumu kuamini kwamba magari yalikuwa yakijikokota humu, kioo cha pembeni kikikaribia kugusa dirisha la duka. Tarehe 17 Novemba 1962 mtaa ulifungwa kwa magari kwa majaribio. Meya aliyeshughulikia mipango miji, Alfred Wassard, alitishiwa maisha. Wenye maduka walisema wateja watakimbia, na pia kwamba kutembea tembea na kukaa nje ni mambo ya Waitalia, si ya watu wa kaskazini wanaoishi na baridi nusu mwaka. Mwaka 1964 uamuzi ukafanywa wa kudumu, na maduka hayakufa. Msanifu majengo Jan Gehl alizipitisha saa nyingi katika mtaa huu akihesabu wanaopita, wanaosimama na wanaokaa, na kazi hiyo ikazaa kitabu chake cha mwaka 1971 kuhusu maisha yaliyo kati ya majengo. Kilichonivutia zaidi ni hoja ya wenye maduka. Utamaduni wa Kidenmark, ambao leo ndio unaosifiwa kuwa chanzo cha mambo yote haya, ndio uliotajwa wakati ule kuwa sababu ya kutoyafanya. Kitu kinachoweza kuthibitisha jambo na kinyume chake hakithibitishi chochote.

Kutoka Kongens Nytorv ni dakika chache tu hadi Nyhavn, na hapo mtu hukutana na upepo. Kwa kweli tambarare ya Copenhagen hulipiwa kwa upepo: hakuna kilima cha kupanda, lakini hakuna pia kilima cha kukukinga, na upepo wa baharini ukikukabili unakanyaga kama aliyepakia gunia la mkaa. Nakubali kwamba ardhi tambarare ni rahisi kuliko miinuko. Hata hivyo ardhi hii ilikuwa tambarare vile vile wakati baiskeli zilipojaa mitaani katika miaka ya 1930 na 1940, na ilikuwa tambarare vile vile zilipopungua kwa kasi katika miaka ya 1950 na 1960, familia ziliponunua magari na wengi wakahamia vitongoji. Mvua haikuongezeka wakati huo, wala joto halikupanda mji ulipozirudia baiskeli. Jambo lisilobadilika haliwezi kuwa sababu ya jambo lililobadilika mara mbili katika umri wa mtu mmoja. Kodi nayo husemwa sana. Gari nchini Denmark hutozwa ushuru mzito wa usajili, na kwa miaka mingi kiwango cha juu kilikuwa asilimia 180 ya bei. Ni kweli, na unasaidia. Lakini ushuru huo ulianza mwaka 1924, na haukuzuia magari kuumeza mji baada ya vita.

Nyhavn yenyewe ni ushahidi ulio wazi, kwa anayejua ilivyokuwa. Ni mfereji uliochimbwa katika miaka ya 1670 ili meli ziweze kuingia hadi moyoni mwa mji, na nyumba ya namba 9 imesimama tangu 1681. Hans Christian Andersen aliishi hapa kwa nyakati tofauti katika namba 20, 67 na 18. Zamani ulikuwa mtaa wa mabaharia, vilabu vya pombe na wachora chale. Leo kuta zake za njano, nyekundu na samawati zimo katika kila kadi ya posta, na kando ya maji watu huagiza smørrebrød: kipande cha mkate mweusi wa shayiri nyeusi, mzito na wenye uchachu, kilichopakwa siagi nene, juu yake minofu ya samaki aina ya heringi aliyelazwa kwenye siki na sukari, vitunguu maji vilivyokatwa pete, na bizari mbichi. Huliwa kwa kisu na uma. Anayekiinua kwa mkono hujulikana mara moja kuwa ametoka mbali. Heringi huja kwanza, nyama baadaye, na mpangilio huo hauvunjwi ovyo. Sasa, hapo palipo na meza palikuwa maegesho ya magari hadi mwaka 1980. Hakuna aliyeipamba Nyhavn kwa mradi mkubwa. Waliyaondoa magari, na kilichokuwapo kikaonekana.

Tulikata kaskazini kufuata bandari, tukapita Frederiksstaden, mtaa wa kifalme ulioanzishwa mwaka 1749, wenye kasri la Amalienborg na kanisa la kuba kubwa linaloitwa la marumaru. Hapa ndipo mtu huuliza swali la fedha: je, si utajiri tu? Nchi tajiri inaweza kufanya inachotaka. Utajiri wa mtaa huu una chanzo kinachojulikana. Mita chache mbele kuna Vestindisk Pakhus, ghala la bidhaa za visiwa vya Karibi lililojengwa kati ya 1780 na 1781. Humo ilihifadhiwa sukari iliyolimwa na Waafrika walionunuliwa pwani ya Ghana, kwenye ngome kama Christiansborg ya Accra, na kusafirishwa kwa meli za Kidenmark. Marufuku ya biashara hiyo ya kuvusha watumwa baharini ilianza kutumika mwaka 1803, utumwa wenyewe ukakomeshwa 1848, na mwaka 1917 visiwa vikauzwa kwa Marekani kwa dola milioni 25. Mwaka 2018 mbele ya ghala hili iliwekwa sanamu ya mita saba, kazi ya wasanii La Vaughn Belle na Jeannette Ehlers, ya mwanamke mweusi aliyekaa kitini, tochi mkono mmoja na sime ya kukatia miwa mwingine, kwa kumbukumbu ya Mary Thomas, mmoja wa wanawake walioongoza uasi wa vibarua wa kisiwa cha St. Croix mwaka 1878. Dhoruba iliiharibu mwaka 2020. Ziara nyingi hupita hapa haraka zikielekea kwenye sanamu ndogo ya nguva, ambayo kwa maoni yangu haistahili hata nusu ya muda huo.

Lakini kuhusu swali lenyewe: fedha hizo zilijenga makasri, hazikujenga njia za baiskeli. Na njia za baiskeli zilipopigwa jeki katika miaka ya 1970 na 1980, mji haukuwa na fedha. Viwanda vilikuwa vinafungwa, bandari inahama, wenye kipato wanaondoka. Watu zaidi ya 760,000 waliokuwa wakiishi ndani ya manispaa mwaka 1950 walipungua hadi chini ya 470,000 mwanzoni mwa miaka ya 1990, na hazina ilikuwa hoi. Anayesema Copenhagen inaendesha baiskeli kwa sababu ni tajiri amegeuza mpangilio wa matukio.

Daraja la Inderhavnsbroen, lililofunguliwa mwaka 2016 baada ya kuchelewa miaka kadhaa, linatuvusha hadi Christianshavn. Wenyeji huliita daraja la busu, kwa kuwa vipande vyake viwili hujivuta nyuma kupisha meli kisha hurudi kukutana katikati. Ni zuri, na lina walakini: njia ya baiskeli hupinda ghafla katikati ya daraja, mahali ambapo mtu tayari ana kasi. Christianshavn ni mji wa mifereji aliouanzisha mfalme Christian IV karne ya 17, na mnara wa kanisa la Vor Frelsers Kirke unaonekana toka mbali, ngazi zake zikizunguka kwa nje hadi kileleni. Karibu yake ni Christiania, kambi ya jeshi iliyoachwa tupu, ikavamiwa na vijana mwaka 1971, wakatangaza kwamba wanajitawala. Mengi yameandikwa juu ya bangi yake. Machache juu ya ukweli kwamba magari hayaruhusiwi humo. Kwa kuwa mizigo lazima ibebwe, mafundi wa huko walianza mwaka 1984 kuunda baiskeli ya magurudumu matatu yenye sanduku la mbao mbele. Ni ndugu wa guta la Dar es Salaam, ila mzigo umehamia mbele ya macho ya dereva. Sasa imeenea mji mzima: asubuhi utaona mama amekaa wima, sandukuni watoto wawili wamefungwa mkanda, begi la shule katikati na turubai la plastiki limeshushwa kuzuia mvua. Hakuna wizara iliyobuni chombo hicho.

Kusini zaidi, Islands Brygge, watu huoga baharini katikati ya mji mkuu. Hadi miaka ya 1990 maji haya yalipokea majitaka kila mvua kubwa iliponyesha. Manispaa ikajenga matangi ya kuyazuia, na mwaka 2002 bwawa la kuogelea likafunguliwa ndani ya bandari yenyewe. Kisha daraja la Bryggebroen la 2006, na Cykelslangen ya 2014, njia nyembamba ya rangi ya chungwa inayojipinda juu ya maji kwa zaidi kidogo ya mita 200. Kabla yake waendesha baiskeli walilazimika kubeba baiskeli kwenye ngazi za gati, kando ya duka kubwa. Hapa ndipo wageni hupiga picha nyingi zaidi, na wajumbe wa mabaraza ya miji kutoka nchi za mbali huondoka wakiwa na michoro ya madaraja. Wahenga walisema ukiona vyaelea vimeundwa, na ni kweli kwa madaraja. Ila angalia miaka yake: 2006, 2014, 2016. Haya ni matunda ya mwisho. Yalijengwa kwa sababu tayari walikuwapo maelfu ya wapiga kura wanaokanyaga pedali kila siku. Anayenunua daraja akitarajia limletee waendesha baiskeli ameanza na tunda, akaacha shina.

Shina tulilikuta kesho yake. Tulipita Torvehallerne, soko la vibanda vya vioo lililofunguliwa mwaka 2011 mahali palipokuwa soko la mboga na baadaye maegesho, harufu ya kahawa na mikate ya mdalasini ikitoka hadi nje, kisha tukafika kwenye maziwa. Ni mkanda wa maziwa matatu, Sankt Jørgens Sø, Peblinge Sø na Sortedams Sø, yaliyotengenezwa na watu kwa kuzuia kijito tangu zama za kati, kwa ajili ya vinu, ulinzi na maji ya kunywa. Kandokando yake baiskeli zimeruhusiwa tangu 1910, pale njia ya wapanda farasi ilipofunguliwa kwao. Bata wanaelea, wanaokimbia wanazunguka, wazee wamekaa kwenye benchi. Hakuna cha kuonyesha. Kiongozi alitaja historia kwa sentensi mbili, tukaambiwa tuangalie nyumba za ng'ambo.

Na hapa ndipo ilipotakiwa kupita Søringen. Wahandisi wa baada ya vita walikuwa na picha ya mji wa kisasa: barabara kuu ya magari ikitoka kaskazini, ifuate maziwa haya, sehemu ya maji ifukiwe, ipite hadi Vesterbro ambako mtaa mzima ungebomolewa kupisha ofisi na makutano makubwa. Hawakuwa wajinga wala waovu. Walikuwa wakifanya kile kilichofanywa na wenzao wa Ulaya na Marekani, na mahesabu yao ya ongezeko la magari yalikuwa sahihi kwa namna yake: jenga barabara, magari yatakuja. Mji ulikwishaanza kujiandaa. Tramu ya mwisho iliondolewa mwezi Aprili 1972, na huo, hadi leo, ni uharibifu ambao mji umelazimika kuulipia kwa kuchimba metro. Kisha mambo matatu yakagongana: wakazi wakapinga, manispaa ikakosa fedha, na mwishoni mwa mwaka 1973 bei ya mafuta ikapaa hata serikali ikapiga marufuku magari siku za Jumapili. Søringen ikatupwa. Maziwa yakabaki, na pamoja nayo Nørrebro na Vesterbro, mitaa ya nyumba zilizobanana ambamo duka, shule na kazi viko umbali wa kufikiwa kwa baiskeli. Laiti mitaa hiyo ingetawanywa, njia za baiskeli zingeunganisha nini na nini?

Pingamizi lenye nguvu kuliko yote ni kwamba hii ilikuwa bahati. Mji ulifilisika wakati mzuri, basi. Hakuna busara ya kusifiwa. Sehemu ya pingamizi hili naikubali. Lakini miji mingi imekosa fedha na bado ikajenga barabara za juu kwa mkopo, na ufukara haupangi nani apewe nafasi iliyobaki wazi. Hilo liligombewa. Kuanzia katikati ya miaka ya 1970 maelfu ya watu, wakiitwa na chama cha waendesha baiskeli kilichoanzishwa mwaka 1905, waliandamana na kujaza Rådhuspladsen, uwanja ule ule ambapo sasa wageni hupewa somo la tabia ya Wadenmark. Wengine walichora misalaba myeupe barabarani mahali mwendesha baiskeli alipouawa na gari. Mtu anaweza kusema pia kwamba walikuwa na kumbukumbu ya kurudia: aliyekuwa na miaka 50 wakati huo alikuwa ameenda shule kwa baiskeli. Ndiyo, na hilo liliwapa nguvu ya kudai. Halikuwapa njia, njia walizipata baraza lilipochoka kushinikizwa.

Dronning Louises Bro, daraja la mwaka 1887 linalotenganisha maziwa, linaonyesha nafasi hiyo inavyogawanywa leo. Kwa siku ya kazi hupita baiskeli zaidi ya 40,000. Simama pembeni uangalie kitu kidogo: ukingo wa mawe. Njia ya baiskeli haikuchorwa kwa rangi juu ya lami. Imeinuliwa kwa kimo cha vidole vichache juu ya barabara ya magari, na njia ya miguu imeinuliwa tena juu yake, ngazi tatu za kila mmoja na mahali pake. Gari likitaka kuegesha kwenye njia ya baiskeli, litapanda jiwe. Mtoto wa miaka minane hupita bila kumtegemea dereva awe muungwana. Kutoka hapo Nørrebrogade inaingia mtaani, na taa zake zimepangwa ili anayekwenda kilomita 20 kwa saa akute kijani mfululizo. Mapipa mengine ya taka yameinamishwa kumwelekea mwendesha baiskeli ili atupe bila kusimama. Kulia ni maduka ya Waarabu yenye tende na mikate ya moto, kushoto ni ukuta wa njano wa makaburi ya Assistens, ambamo amezikwa Andersen, na mwanafalsafa Kierkegaard, na ambamo baiskeli huruhusiwa kukatiza chini ya mistari ya mipopla kwa mwendo wa heshima. Kisha Superkilen, bustani ndefu ya mwaka 2012 iliyokusanya vifaa vya nchi wanakotoka wakazi: chemchemi ya Morocco, bembea za Iraki, pweza mkubwa wa kutelezea kutoka Japani.

Njia ya kijani iliyofuata reli ya zamani ilitupeleka kwenye daraja dogo la Åbuen, juu ya barabara kubwa ya Ågade, na ziara ilikuwa karibu kwisha. Kituo hakikupangwa hapo. Ukitazama upande wa kaskazini-magharibi unaiona Bispeengbuen, barabara ya juu ya njia sita iliyofunguliwa mwaka 1972, ikipita usawa wa madirisha ya watu. Msomaji wa Nairobi aliyeiona Expressway ya mwaka 2022 ikikatiza juu ya Uhuru Highway hahitaji kuelezwa sura yake, kivuli chake wala mvumo wake. Ni kipande cha mtandao ule ule ambao Søringen ingekuwa mshipa wake mkuu, na ndicho kilichowahi kujengwa kabla ya fedha kukata. Chini yake nidhamu ya Wadenmark haijabadilisha kitu: watu hupita haraka, hawakai. Kwa miaka mingi sasa manispaa za Copenhagen na Frederiksberg zimekuwa zikijadili namna ya kuiondoa, na kila mara maswali ni yale yale: magari yanayoitumia yaende wapi, nani alipie, zege lote hilo libomolewe vipi huku watu wanalala kando yake. Kuiacha Søringen kulihitaji baraza liache kupiga kura ya kuijenga. Kuiondoa Bispeengbuen kunahitaji karibu kila kitu kingine. Ningekuwa mimi ninayepanga ziara, wajumbe wa mabaraza ningewaleta hapa kwanza, asubuhi wakati wa msongamano, kisha ndipo niwapeleke kwenye maziwa ambako hakuna cha kuonyesha.